Kofia Walizomvulia Meja Kailemia

Wasikilizaji wapendwa, sogezeni viti. Kama uko Kinoru na unafunga duka, acha mlango wazi kidogo usikie. Kama uko Majimbo kule Embu na sufuria iko motoni, punguza moto. Na wewe uliye Timau, najua umeshajifunika blanketi. Wewe ndiye ninayetaka unisikilize zaidi, kwa sababu leo nazungumza juu ya mtu wenu.

Meja Mstaafu Stephen Kailemia amelala. Narudia kwa aliyewasha redio sasa hivi. Meja Mstaafu Stephen Kailemia wa Timau amelala, na tumeshamzika. Alikuwa mwanajeshi. Alikuwa mume wa Mwalimu Lydiah Ruguru wa Embu. Alikuwa baba yake Felicitas Nkirote. Na alikuwa mchezaji wa kriketi.

Nimesikia mtu akicheka hapo mwisho. Kriketi, tena Timau. Cheka tu, ndugu yangu. Meja alichekwa kule Embu miaka mingi na hakuna siku aliyokunja uso kwa ajili hiyo. Lakini baki nami mpaka mwisho, tuone kama kicheko hicho kitakuwa kingali kinywani.

Jambo moja ulishike kabla hatujaenda mbali. Mtu huyu, baada ya kuvua sare za jeshi, alitaka kitu kimoja. Hakutaka kiti cha siasa, ingawa walimfuata wakimbembeleza. Alitaka watoto wa majirani waje wacheze katika uwanja alioutengeneza kwa mikono yake. Basi. Na katika miaka yote aliyoishi pale, hakuna mtoto aliyekuja.

Sababu yake nitawaambia. Lakini twende polepole, kama ukungu unavyoteremka kule kwao.

Asubuhi ya Timau ni kama ndoto ambayo mlima unaiota. Ukungu umelala juu ya mashamba, na ngano huioni. Unaisikia tu, ikisuguana, kama watu wengi wanaonong'ona kanisani. Halafu jua linapenya kutoka upande wa Isiolo, na shamba lote linageuka rangi ya mkate.

Hapo ndipo Stephen Kailemia alipozaliwa, mtoto wa vibarua wa shamba la ngano. Kazi yake ya kwanza ilikuwa kufukuza ndege. Alisimama juu ya jiwe na vidonge vya udongo mfukoni. Ndege wakitua, anarusha. Alirusha tangu ukungu ulipoondoka mpaka uliporudi. Mkono wake wa kulia ulikulia katika kazi hiyo. Ukimwuliza alisoma wapi, alikutajia shule yake, kisha akaongeza, "Na ndege pia walinisomesha."

Mkono huo ndio uliompeleka kwenye kriketi.

Alijiunga na jeshi akiwa kijana mwembamba. Akafunzwa uafisa, akawa luteni. Jumamosi moja kambini, kunguru walikuwa wakisumbua karibu na jiko la maafisa. Kailemia akaokota jiwe, akarusha. Kunguru mmoja akaporomoka kutoka juu ya paa. Nyuma yake alikuwa amesimama kanali mmoja, mtu aliyeipenda kriketi kuliko chakula, na timu yake siku hiyo ilikuwa imepungukiwa na mchezaji.

Binti yake, Nkirote, ananiambia aliisikia hadithi hii mezani tangu utotoni. Kila mara baba yake aliigiza sauti ya kanali.

"Wewe wa mlimani, hebu rusha tena."

Kailemia akarusha.

"Mkono mzuri. Lakini wewe ni mwizi."

"Nimeiba nini, afande?"

"Umekunja kiwiko. Katika mchezo huu, mrushaji akikunja kiwiko ameiba. Nyoosha mkono, uzungushe kama gurudumu, ndipo uachilie."

"Na nikishindwa kuunyoosha?"

"Basi rudi ukaue kunguru."

Hakurudi kwa kunguru. Jioni zote za wiki ile alionekana nyuma ya ghala la kambi, akizungusha mkono ulionyooka, peke yake, kama mtu anayepungia meli asiyoiona.

Kwa ajili ya wewe usiyeujua mchezo huu, nitaueleza, na haitachukua muda. Katikati ya uwanja kuna ukanda wa ardhi ngumu, laini kama sakafu. Kila mwisho wa ukanda kuna vijiti vitatu vilivyosimamishwa. Mmoja anarusha mpira ili aangushe vijiti. Mwingine amesimama mbele ya vijiti na gongo bapa la mbao, anavilinda. Akiupiga mpira ukaenda mbali, anakimbia toka upande huu mpaka ule, na kila mbio inahesabiwa. Ni hayo tu. Mengine yote ni maringo ya waliouleta.

Sitawadanganya kwamba Meja Kailemia alikuwa nyota wa taifa. Alikuwa mrushaji wa timu ya kambi. Lakini waliowahi kusimama mbele yake na gongo wanasema mpira wake ulikuja kimya. Ulikuwa unauona mkononi, halafu unasikia vijiti vimeanguka. Katikati hapo hukuona kitu.

Nkirote anasema maneno yale ya kanali yaliingia nyumbani kwao yakawa sheria. Akivunja kikombe na kusema ni paka, baba yake hakumpiga. Alimtazama tu na kusema, "Nyoosha mkono." Naye akasema ukweli.

Sasa twende Embu. Lydiah Ruguru alikuwa mwalimu wa shule ya msingi mjini Embu. Walikutana kwenye harusi ya rafiki yao. Yeye, Lydiah, anasema alimpenda kwa sababu ndiye mwanamume pekee pale aliyeketi wima. Wakaoana, wakapanga nyumba mtaa wa Majimbo. Kailemia alikuja wakati wa likizo, na likizoni hakukaa bure. Aliingiza mpira ndani ya soksi, akaifunga soksi kwenye kamba ya kuanikia nguo, akawa anaupiga kwa gongo. To. To. To. Mtaa mzima ulisikia.

"Jirani yangu aliniita pembeni," Mwalimu Lydiah ananiambia, na macho yake yanacheka kabla ya mdomo. "Akaniuliza, 'Mwalimu, huyo bwana yako anapigana na nani huko nyuma?' Nikamwambia, 'Anapigana na soksi.' Akanishika mkono. Akasema, 'Pole sana, dada. Jeshi ni kitu kibaya.'"

Kisha akasema, "Akirudi kambini, naamka asubuhi, naisikia ile sauti. Nachungulia dirishani, kamba iko tupu. Lakini nimeisikia. Na sasa pia naisikia."

Wasikilizaji wapendwa, mwanajeshi hutumwa. Kailemia, wakati huo akiwa na cheo cha meja, alitumwa Afrika Magharibi pamoja na kikosi cha kulinda amani. Vita vya kule sitavisimulia. Hata yeye hakuvisimulia. Kutoka kule alileta hadithi moja tu.

Kambi yao ilipakana na ya askari kutoka Asia, watu wanaoipenda kriketi kama sisi tunavyopenda mpira wa miguu. Jioni walisimamisha masanduku matupu badala ya vijiti, wakacheza juu ya udongo mwekundu. Siku ya kwanza walicheza askari peke yao. Siku ya pili watoto wakatokea. Walitoka kwenye nyumba zisizo na paa, miguu mitupu, na hakuna aliyekuwa amewaita. Msichana mmoja alikuja na kipande cha mlango wa nyumba yao iliyoungua. Akakishika kwa mikono miwili mbele ya masanduku, akamtazama Meja usoni, akasema, "Sasa mimi."

Meja akamrushia, taratibu. Yule msichana akaupiga ukapita juu ya waya wa kambi.

Aliporudi Embu alimwambia mkewe, "Mama Nkirote, kule kila kitu kimevunjika, na watoto walikuja wenyewe. Sasa kwetu Timau, kuna amani, kuna maziwa. Si watajaa mpaka nikose pa kusimama?"

Tangu hapo hakuwa na ndoto nyingine. Alihesabu siku za kustaafu kama mtoto anavyongojea sikukuu.

Akastaafu. Akarudi Timau, kwenye shamba lake linalopakana na ngano upande mmoja na boma la Mzee Mwirigi upande wa pili. Mwalimu Lydiah alibaki Embu, kwa maana alikuwa bado anafundisha. Alipanda Timau shule zilipofungwa. Kwa hivyo Meja alianza peke yake.

Alichagua mahali tambarare, chini kidogo ya nyumba, karibu na njia ambayo watu hupita kwenda kanisani. Akaondoa mawe. Akaleta udongo mweusi wa mfinyanzi kutoka bondeni, akaumwaga, akaumwagia maji, akaupiga. Alijaza saruji kwenye pipa, akalivuta kwa kamba juu ya ukanda ule kwenda na kurudi, mpaka udongo ukang'aa kama kiatu cha gwaride. Akachora mistari ya chokaa. Akasimamisha vijiti vitatu huku, vitatu kule. Akazungushia waya ili mbuzi wasipite. Mwenyewe aliukanyaga akiwa amevua viatu. Na kila asubuhi, ukungu ukiwa bado chini, alikuja akasimama penye mwisho wa ukanda, ameinamisha kichwa, akitafuta ufa. Akiuona ufa, alipiga magoti na kuubonyeza kwa kiganja, polepole, kama mtu anayemfunika mtoto.

Sasa jiweke wewe njiani, asubuhi hiyo, unakwenda kanisani. Unaona nini?

Unaona mtu mzima amepiga magoti juu ya ardhi iliyotayarishwa. Unaona vijiti upande wa kichwani na upande wa miguuni. Unaona chokaa. Unaona uzio.

Mzee Mwirigi, jirani yake, ndiye aliyeona kwanza. "Nilisimama pale njiani," ananiambia. "Nikasema, kumbe Afande ameanza kutayarisha mahali pake. Nikavua kofia. Nikapita kimya."

"Hukumwuliza?"

Mzee Mwirigi alinitazama kama mtu aliyeulizwa kwa nini haingii nyumbani kwa watu kupitia dirishani. "Nimwulize nini, kijana? Kwetu mtu haulizwi habari za kaburi lake akiwa hai. Ukiuliza ni kama unamharakisha."

Ndivyo ilivyokuwa. Hakuuliza. Aliwaambia watu wa boma lake tu, nao wakawaambia wengine. Wanaume wakawa wakipita pale wanavua kofia. Wanawake wanapunguza sauti. Watoto walikatazwa kabisa hata kushika ule waya.

Na Meja? Meja alipiga simu Embu amejaa furaha. Mwalimu Lydiah anakumbuka.

"Watu wa hapa wana heshima ya ajabu," alimwambia. "Kila mwanamume akipita penye ukanda wangu anavua kofia."

"Na wewe unafanyaje?"

"Napiga saluti. Nitafanya nini kingine?"

Fikirini hayo, wasikilizaji wapendwa. Miaka na miaka. Huyu anavua kofia kwa sababu ya kaburi. Yule anapiga saluti kwa sababu ya kriketi. Wanatazamana katika ukungu, kila mmoja ameridhika na heshima ya mwenzake, na hakuna neno linalopita.

Mtasema, si angewaita watoto? Aliwaita. Ukanda ulipokomaa alimsimamisha Mzee Mwirigi njiani.

"Mwirigi, Jumamosi niletee watoto. Wako na wa majirani. Wote."

"Watoto, afande?"

"Ndiyo. Waje hapa kwenye ukanda. Nimewangoja muda mrefu."

Mzee Mwirigi anasema alirudi nyumbani amejaa hofu. Alidhani mtu anataka kuwaaga watoto. Alidhani ni ugonjwa umemwambia jambo. Nani atapeleka mtoto wake asimame kando ya kaburi la mtu aliye hai? Alijibu tu, "Tutaona, afande," kwa adabu, na hakuna aliyekuja.

Jumamosi ile Meja alipika sufuria kubwa ya uji. Akapanga vikombe kwenye benchi. Akaegemeza gongo kwenye vijiti, akaweka mpira mwekundu juu ya mstari wa chokaa. Akaketi wima, kama alivyoketi kwenye ile harusi. Ukungu ukaondoka. Jua likapita. Ukungu ukarudi. Alikunywa uji kikombe kimoja, mwingine akawapa mbwa.

Jumamosi iliyofuata akaegemeza gongo tena. Na iliyofuata. Watu waliopita wakaona gongo lile na kusema, maskini, ameanza kutoa vitu atakavyozikwa navyo.

Mwalimu Lydiah alipostaafu akahamia Timau na masweta yake yote. Akamwambia, "Baba Nkirote, nenda ukawaulize tena."

Akamjibu, "Nimeamuru watu maisha yangu yote. Huu ni mchezo. Mtu akiamriwa kucheza, huyo ni kuruta."

"Basi tucheze sisi. Mimi na wewe na Nkirote akija."

"Hapana. Wa kwanza kuuchezea watakuwa watoto."

Nkirote, ambaye anafanya kazi ya ofisi Embu na bado anakaa Majimbo, alimwomba mara nyingi. "Baba, nirushie mmoja tu." Alikataa. Alimrushia uani, alimrushia barabarani, lakini si pale. Ule ukanda aliulinda kama bibi harusi. Ukang'aa, ukapasuka, ukazibwa, ukang'aa tena, na hakuna mpira hata mmoja uliodunda juu yake.

Kifua kikaanza kumsumbua. Baridi ya Timau haina mchezo na mapafu ya mzee. Alilazwa hospitali. Maneno yake ya mwisho kwa Nkirote hayakuwa ya hekima wala ya wosia. Alisema, "Mwagilia ukanda. Jua la wiki hii litaupasua." Kisha akafumba macho, na Nkirote anasema mkono wa kulia ulibaki umenyooka juu ya shuka.

Sasa nisikilizeni vizuri.

Asubuhi ya mazishi, Mzee Mwirigi alikuja na wanaume wa kijiji, majembe na sururu mabegani, kuchimba kaburi. Ndiyo desturi, majirani ndio huchimba. Hawakumwuliza mtu mahali. Kwa nini waulize? Wanajua miaka yote hii. Walifungua waya, wakavua kofia, wakaomba, na Mzee Mwirigi, kwa kuwa ndiye jirani wa karibu, akapewa pigo la kwanza.

Nkirote alikuwa jikoni na wanawake, wanamenya viazi. Akasikia. To.

Udongo ule ulikuwa mgumu kiasi kwamba jembe lilitoa sauti ya mpira kwenye gongo. Mwalimu Lydiah pia aliisikia. Aliinua kichwa na kutabasamu. Alidhani ni ile sauti yake ya siku zote.

Nkirote alitoka mbio bila viatu.

"Mzee, mnafanya nini?"

"Tunamchimbia baba, mama. Rudi ndani, hii si kazi ya kutazamwa na binti."

"Hapa? Nani aliwaambia ni hapa?"

Wanaume wakatazamana. Mzee Mwirigi akasema kwa upole, kama anayeongea na mtu aliyechanganyikiwa na msiba, "Si yeye mwenyewe alipatayarisha? Sisi wote tulimwona."

Nkirote anasema alisikia kitu kikivunjika kifuani, na hakujua kama ni kicheko au kilio, vikatoka vyote pamoja. Aliketi juu ya ukanda, pale pale kwenye udongo, akasema, "Huu ni uwanja. Ni uwanja wa kucheza. Aliwatengenezea watoto wenu. Amewangoja mpaka amekufa."

Ngano ilisikika. Mzee Mwirigi alitazama kofia iliyokuwa mkononi mwake. Aliitazama muda mrefu. Kisha akaivaa. Kwa mara ya kwanza tangu ukanda ule uwepo, alisimama pale akiwa na kofia kichwani.

"Aliniambia," akasema. "Aliniambia kwa mdomo wake nilete watoto. Nikakataa kwa adabu."

Mwalimu Lydiah alifika amejifunika shuka lake. Alipoelezwa, hakupiga kelele. Alitembea kando ya ukanda, akaendelea kutembea mpaka mwisho wa shamba, penye mierezi, akasimama.

"Mchimbieni hapa," akasema. "Mtu akiupiga mpira vizuri, ni hapa unafikia. Atauona ukija."

Wakachimba pale. Na Mzee Mwirigi hakuchimba. Alivua viatu, akaziba lile tundu la jembe kwa udongo mweusi, akajifunga kamba ya pipa kiunoni, akavuta. Alikwenda na kurudi, mzee mzima, mpaka jeneza lilipofika langoni.

Wanajeshi walikuja na bendera. Walimbeba bila kuyumba. Tarumbeta ililia, na mlima ukairudisha sauti, taratibu, kama unajifunza. Bendera ikakunjwa ikapewa Mwalimu Lydiah. Mchungaji akaomba. Kaburi likafunikwa, maua ya mashamba ya kwetu yakawekwa juu.

Kwa kawaida hapo watu hula wakaondoka. Lakini Mzee Mwirigi aliomba kipaza sauti. Aliwaambia watu wote, kama nilivyowaambia nyinyi. Kuhusu kofia. Kuhusu saluti. Kuhusu uji. Watu walicheka, na kicheko kikafika mahali kikakwama. Mwanamke mmoja nyuma yangu alisema polepole, "Wangu walikuwa wanaulilia ule mpira mwekundu. Niliwafungia."

Kisha Mzee Mwirigi akasema, "Watoto, vueni viatu."

Walikuja wakiogopa, kwa sababu miaka yote wameambiwa pale ni pa wafu. Wakasimama kwenye mstari wa chokaa. Wa kwanza kuukanyaga ukanda alikuwa Maxine, mjukuu wa Mwirigi mwenyewe, mwenye magoti yaliyochubuka na ulimi mkali. Nkirote akampa mpira mwekundu. Mzee Mwirigi akashika gongo kama mtu aliyeshika jembe, akasimama mbele ya vijiti kwa suti yake ya mazishi.

"Guka, usogee, nitakuumiza," Maxine akasema.

"Rusha, wewe. Nimepigwa na mvua ya mawe, sembuse wewe."

Maxine akarusha. Mpira ukaenda pembeni.

Nkirote akasimama mbele yake na gauni lake jeusi, na sauti iliyotoka ilikuwa ya kanali ambaye hajawahi kumwona.

"Mkono mzuri. Lakini wewe ni mwizi."

"Nimeiba nini, shangazi?"

Akamshika kiwiko, akakinyoosha. Akauzungusha mkono ule mara moja, polepole, kama gurudumu.

Maxine akarudi nyuma, akaja mbio, mkono umenyooka. Mpira ukadunda. Ukadunda pale pale palipozibwa tundu la jembe, udongo ulikuwa bado mbichi, na mpira ukapinda kama nyoka, ukapita chini ya gongo la Mzee Mwirigi. Vijiti vikaanguka.

Halafu mzee akainama kutazama pale mpira ulipodunda.

"Hilo shimo," akasema, "nimelichimba mwenyewe."

Hapo ndipo watu walipocheka mpaka mwisho. Hata wale wanajeshi. Hata Mwalimu Lydiah, amekumbatia bendera. Na kabla jua halijazama mtoto mmoja aliupiga mpira ukaruka juu ya vichwa vyetu sote, ukaviringika kwenye nyasi, ukaenda kusimama penye mierezi. Hakuna aliyekwenda kuuchukua haraka. Uliachwa pale kidogo.

Nilimtungia haya nikiwa nimesimama pale uwanjani:

Lala kando ya kiwanja, Meja wetu wa baridi,
Kaupokea kiganja, mpira uliorudi,
Nani sasa wa kuvunja, yetu na yako ahadi,
Furaha tumeionja, kila siku inazidi.

Mwalimu Lydiah Ruguru, pole, mama. Umekaa na mtu aliyengoja, na kukaa na anayengoja ni kazi. Nkirote, pole, dada yetu. Nyinyi wa Majimbo mliowahi kusikia soksi ikipigwa, na nyinyi mliotumikia jeshi pamoja naye, poleni. Mungu awashike kama yeye alivyoushika ufa kwa kiganja.

Na sisi tuliobaki, tutafakari. Jirani yako anajenga kitu. Unamwona kila siku, unampa heshima, unapita. Heshima ile imekuzuia kumwuliza neno moja dogo, ni nini hicho? Kesho mwulize. Akicheka, acheke. Akikasirika, atapoa. Lakini mwulize angali na mdomo wa kukujibu.

Lile tundu la jembe halijawahi kukaa sawa. Mpira ukidunda pale unapinda, na hakuna mpigaji anayejua utakwenda wapi. Nkirote alitaka kulichimbua alijaze upya. Watoto wamekataa. Maxine analilenga makusudi.

Wanacheza kila Jumamosi, ukungu ukiondoka. Mwalimu anapika uji. Nimeombwa na familia niwatangazie, na natangaza kwa heshima yote niliyo nayo, kwamba kila mtoto wa Timau anakaribishwa, na wa Kinoru, na wa Embu akifika. Viatu viacheni langoni.

Wazee mtakaowaleta, kofia zenu msivue.